Kuondoa shauri mahakamani ili uende Tume: mwongozo kwa mtumishi wa Dodoma na jirani zake

Dada mmoja muuguzi, kutoka halmashauri mojawapo ya mkoa huu, alinijia asubuhi na faili la plastiki la bluu. Ndani mlikuwa na barua ya kufukuzwa kazi, maombi aliyoyafungua Mahakama Kuu akitaka barua hiyo itenguliwe, kiapo chake, majibu ya Serikali, na karatasi mbili zilizokunjwakunjwa kuliko zote: notisi ya pingamizi la awali. Wakili wa Serikali alikuwa na hoja moja tu. Mleta maombi hajamaliza njia za rufaa zilizo ndani ya utumishi, yaani Tume ya Utumishi wa Umma na kisha Rais, kwa hiyo Mahakama haiwezi kumsikiliza.

"Kaka, wameniambia nikaondoe kesi niende Tume," akasema. "Si ni kuandika barua tu?"

Ni barua, kweli. Kuondoa shauri ni kazi ya dakika tano, na jaji hana sababu ya kukung'ang'aniza ubaki na kesi usiyoitaka. Tatizo liko kwenye mpangilio. Watu wengi huondoa shauri kwanza, ndipo wanaanza kuuliza Tume iko wapi, rufaa inaandikwaje na siku zimebaki ngapi. Wanajikuta wametoka mlango mmoja na wa pili umeshafungwa. Mwongozo huu unafuata mpangilio wa kinyume: unaandaa kule unakokwenda, ndipo unaaga huku unakotoka.

Mimi ni msaidizi wa kisheria, si wakili. Kama una wakili, mpelekee haya mkayajadili, na shauri aliondoe yeye. Usimzunguke.

Hakikisha kwanza kwamba kweli umekosea mlango

Si kila pingamizi ni la kweli, na si kila shauri linastahili kuondolewa. Lakini kwa mtumishi wa umma njia imenyooka. Mwaka 2016 Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298, iliongezewa kifungu cha 32A kinachomtaka mtumishi amalize kwanza njia za nafuu zilizo ndani ya sheria hiyo kabla ya kukimbilia zile za sheria za kazi. Kulikuwa na ubishi kuhusu watumishi wa mashirika ya umma, kama nao wanabanwa. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, katika rufaa ya Shirika la Posta iliyosikilizwa Mtwara, ikasema wanabanwa, na kwamba Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile ya migogoro ya kazi, haina mamlaka ya kusikiliza mgogoro wa mtumishi wa umma ambaye hajapita huko. Siku hizi wakili wa Serikali akiiona kesi ya namna hiyo, pingamizi anaweza kuliandika amefumba macho.

(Ukitafuta kifungu hicho kwenye Toleo la Marejeo la mwaka 2023 usishangae namba ikiwa tofauti. Vifungu vya sheria nyingi vilipangwa upya. Soma maneno ya kifungu, usikariri namba.)

Wapo wengine wanaorudishwa kwa sababu za jamaa hiyo hiyo. Aliyefungua shauri la kikatiba chini ya Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu wa Msingi, Sura ya 3, anakutana na kifungu cha 8(2): Mahakama Kuu haitatumia mamlaka yake kama kuna njia nyingine ya kutosha ya kupata nafuu chini ya sheria nyingine. Mfanyabiashara aliyeshtaki kwa sababu ya makadirio ya kodi ataambiwa apeleke pingamizi kwa Kamishna Mkuu wa TRA ndani ya siku 30, na asiporidhika aende Bodi ya Rufani za Kodi. Huyu ajiandae na jambo moja zaidi. Ili pingamizi lake lipokelewe anatakiwa kulipa kwanza sehemu ya kodi asiyoibishia au theluthi moja ya iliyokadiriwa, ile iliyo kubwa.

Kuna ambaye shida yake siyo mlango bali hodi. Umeishtaki halmashauri au wakala wa Serikali bila kutoa notisi ya siku 90, au hukumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali ambaye tangu marekebisho ya mwaka 2020 ni lazima awemo. Kesi nyingi za viwanja hapa mjini zinajikwaa hapo, hasa zile zenye historia ndefu ya CDA, mamlaka ya ustawishaji makao makuu iliyovunjwa mwaka 2017 na kazi zake kuhamia kwa manispaa, ambayo sasa ni Jiji. Wewe hauendi Tume yoyote. Unaondoa shauri, unatoa notisi, unasubiri siku zako, unarudi Mahakama Kuu. Hatua za chini zinakuhusu kuanzia pale penye notisi ya kuondoa.

Na kama mwajiri wako ni kampuni binafsi, duka, shule ya mtu au kiwanda cha mvinyo, haya ya kifungu cha 32A hayakuhusu kabisa. Mtu asikutishe ukaondoa mgogoro wako uliokuwa mahali pake.

Je, unaweza kubaki na kupigana na pingamizi? Unaweza. Sheria inasema njia nyingine iwe ya kutosha, na kuna walioshinda kwa kuonyesha kwamba njia waliyoelekezwa haikuwepo au isingewasaidia lolote. Kwa mtumishi aliyefukuzwa na mwenye haki ya rufaa iliyoandikwa waziwazi, kwa maoni yangu ni kupoteza miezi.

Tume ipi?

Hapa Dodoma mtu akikwambia "nakwenda Tume", muulize ipi. Tangu Serikali ihamie, Tume ziko nyingi mjini na bodaboda atakufikisha kwa ile anayoijua yeye. Zinazochanganywa zaidi ni nne.

Tume ya Utumishi wa Umma ndiyo inayosikiliza rufaa za watumishi walioadhibiwa na mamlaka zao za nidhamu: mkurugenzi wa halmashauri, katibu tawala wa mkoa, mtendaji mkuu wa taasisi na kadhalika. Uamuzi wake ukikuumiza, rufaa inakwenda kwa Rais, na hapo ndipo mwisho wa ngazi za ndani.

Tume ya Utumishi wa Walimu ni ya walimu wa shule za msingi na sekondari za Serikali. Ina ofisi kwenye wilaya na makao makuu hapa hapa Dodoma. Mwalimu aliyeadhibiwa na mamlaka ya wilaya anakata rufaa makao makuu ya Tume yake. Nimeona mwalimu akipeleka rufaa Utumishi wa Umma, ikarudi baada ya wiki kadhaa na barua ya mistari minne ikimwelekeza aende kwa wenzake.

Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora inapokea malalamiko ya mtu aliyeonewa na ofisi ya umma: kunyimwa huduma, kucheleweshewa haki bila maelezo, matumizi mabaya ya madaraka. Haidai ada. Lakini sheria yake ya mwaka 2001 inaizuia kuchunguza jambo lililo mbele ya mahakama. Kwa hiyo huwezi kuweka mguu mmoja mahakamani na mwingine kule. Shauri lisipoondolewa, faili lako litawekwa kando. Jua pia kwamba kazi yake ni kuchunguza na kupendekeza. Haikai kama mahakama ya rufaa ya kufuta barua ya kufukuzwa kazi.

Ya nne ni hiyo ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo wengi huiita CMA. Wengi wenu mnatoka huko. Kama mgogoro wako bado uko CMA na haujafika mahakamani, utauondoa kwa mwamuzi kwa namna inayofanana na hii, ila mambo ya kulipa gharama za kesi za upande wa pili huko hayana makali.

Hesabu siku kabla ya kugusa chochote

Rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma inatakiwa ndani ya siku 45. Hesabu kuanzia tarehe iliyoandikwa kwenye barua ya uamuzi. Usihesabu tangu siku uliyoipokea, hata kama ilikufikia kwa kuchelewa. Ukianza kuhesabu mapema huna cha kupoteza. Ukianza kuhesabu kwa kuchelewa utabishana, na anayebishana kuhusu siku ameshaanza vibaya.

Sasa fanya hesabu chungu. Muuguzi wetu alikuwa na barua ya miezi tisa nyuma. Alidhani siku zake "zilisimama" kwa kuwa kesi ilikuwa mahakamani. Hazikusimama. Hata kwenye mashauri ya kawaida ya madai, Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, Amri ya XXIII kanuni ya 2, inasema ukiruhusiwa kufungua upya, ukomo wa muda utahesabiwa kana kwamba lile shauri la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, kifungu cha 21, ina huruma kidogo: muda ulioutumia kwa nia njema na kwa bidii kwenye mahakama isiyo na mamlaka unaweza kutolewa kwenye hesabu. Lakini huruma hiyo iliandikwa kwa anayerudi mahakamani. Mbele ya Tume usiitegemee ikufanyie kazi yenyewe. Omba.

Kuomba maana yake ni kuandika ombi la kuongezewa muda na kulitanguliza mbele ya rufaa, ukieleza kila kipande cha muda. Siyo "nilichelewa kwa kuwa nilikuwa mahakamani", basi. Andika: tarehe fulani nilipokea barua, tarehe fulani nilifungua maombi namba fulani, yalitajwa tarehe hizi na hizi, tarehe fulani nilipata notisi ya pingamizi, tarehe fulani niliyaondoa, na leo nimefika hapa. Kila tarehe iwe na karatasi yake nyuma. Atakayesoma anataka kujua kama ulilala au ulipotea njia, na faili la mahakama ndilo shahidi wako kwamba hukulala. Ndiyo maana nasema msidharau zile hati za wito na ratiba za kutajwa ambazo watu hufungia vitumbua.

Pengo lolote kati ya tarehe mbili lisiloelezwa litaulizwa. Siku kumi kati ya kuondoa shauri na kupeleka rufaa ni pengo baya kuliko miezi mitatu iliyokuwa ndani ya ratiba ya mahakama, kwa sababu hizo kumi zilikuwa mikononi mwako mwenyewe.

Andika rufaa yako ikiwa shauri bado liko hai

Hii ndiyo hatua watu wanayoiruka. Rufaa iwe imechapwa, imesomwa na mtu wa pili, viambatisho vimepangwa na kupewa herufi, imebaki tarehe na saini tu. Weka ndani barua ya adhabu, hati ya mashtaka uliyopewa, utetezi wako wa maandishi, mwaliko na mwenendo wa kamati ya uchunguzi kama unavyo, na barua yoyote uliyoandika kuomba nyaraka ukanyimwa. Ya mwisho hiyo ni ya thamani kuliko inavyoonekana. Halmashauri isipokupa taarifa ya uchunguzi, andika barua kuiomba, igongwe muhuri wa kupokelewa, nakala ikae kwako.

Usibebe kiapo chako cha mahakamani ukakibandika kama rufaa. Lugha ya mahakama inapigania mamlaka na taratibu. Rufaa ya nidhamu inataka kujua: ulituhumiwa nini, ulijibu nini, nani alikuhoji, ulipewa nafasi ya kuwaona mashahidi, na adhabu inalingana na kosa? Yule dada alikuwa na kurasa kumi na nne za kiapo. Katika kurasa hizo zote hakukuwa na mstari hata mmoja uliosema kwamba siku ya kamati alikuwa zamu ya usiku na barua ya mwaliko aliikuta mezani asubuhi yake. Tulipoliandika hilo, rufaa ikapata uti wa mgongo.

Angalia kinachoning'inia kwenye shauri

Kabla ya kukata tawi, angalia nani amekalia. Kama mahakama ilikupa amri ya zuio, kwa mfano usitolewe kwenye nyumba ya Serikali, au nyumba yako yenye alama ya X nyekundu isibomolewe, zuio hilo linakufa siku shauri linapoondoka. Ukilala leo umeondoa shauri, kesho asubuhi hakuna kinachomzuia mtu mwenye barua na greda. Kwenye hali hiyo usiende peke yako. Zungumza na wakili kuhusu namna ya kupata ahadi ya maandishi ya upande wa pili kwanza, au kama ni heri kusubiri pingamizi lisikilizwe.

Kama mlifungua wengi kwa pamoja, mmoja hawezi kuruhusiwa kuondoa shauri bila ridhaa ya wenzake. Mfanye kikao, mweke saini. Nimewahi kuona kundi la watu saba, sita wamefika wanataka kuondoa, wa saba yuko Mpwapwa simu haipatikani. Tarehe ikaahirishwa, na wale sita siku zao zinakimbia kwa sababu ya mmoja.

Na ada mliyolipia kwa namba ya malipo, isahau.

Notisi yenyewe

Ukishakuwa na rufaa tayari, ndipo unaandika notisi. Iwe fupi. Huu ni mfano wa maombi yaliyo Mahakama Kuu:

*KATIKA MAHAKAMA KUU YA TANZANIA, MASJALA NDOGO YA DODOMA*
*Maombi Na. … ya mwaka …*
*Baina ya … (mleta maombi) na … (mjibu maombi wa kwanza) na Mwanasheria Mkuu wa Serikali (mjibu maombi wa pili)*
*NOTISI YA KUONDOA MAOMBI*
*Mleta maombi anaomba Mahakama hii tukufu imruhusu kuyaondoa maombi haya kwa sababu yamefunguliwa kabla ya kumaliza njia za rufaa zilizowekwa na Sheria ya Utumishi wa Umma, na kwamba yaondolewe pamoja na ruhusa ya kufungua upya iwapo italazimu. Anaomba pia kila upande ubebe gharama zake.*

Tazama maneno "pamoja na ruhusa ya kufungua upya". Hayo ndiyo moyo wa karatasi. Kwenye shauri la madai, Amri ya XXIII kanuni ya 1 inasema ukiondoa bila ruhusa hiyo, huwezi tena kufungua shauri jipya juu ya jambo lilelile, na gharama zitakuangukia. Mahakama inaweza kutoa ruhusa kama inaona shauri lina kasoro ya kiutaratibu itakayolifanya lianguke, au kuna sababu nyingine ya kutosha. Kwa hiyo sababu lazima uiseme. "Sina nia ya kuendelea" siyo sababu, ni kujichongea. Mwaka wa kwanza wa kazi hii niliwahi kumwandikia mzee mmoja notisi ya mistari miwili nikasahau maneno hayo. Jaji, Mungu ambariki, alimwuliza mwenyewe kama anataka kurudi baadaye. Asingeuliza, sijui ningemtazama vipi yule mzee.

Hati siku hizi zinaingizwa kwenye mfumo wa kielektroniki wa mashauri. Kama huna kompyuta, wapo vijana wa stesheneri wanaojua kazi hiyo, na Kituo Jumuishi cha Utoaji Haki kina watu wa kukuelekeza. Soma mwenyewe namba ya shauri kabla kijana hajabofya. Kisha wapelekee upande wa pili nakala mapema, yaani mwanasheria wa halmashauri na ofisi ya Wakili Mkuu wa Serikali. Huo ni ungwana, lakini una faida ya mfukoni pia: wakili aliyejua wiki moja kabla kwamba unaondoka hana sababu ya kuandaa hoja ndefu na kuja kudai gharama zake.

Kama pingamizi limeshawekwa

Hapa patembelee taratibu. Mahakama zetu hazipendi mtu anayesikia pingamizi halafu anachomoka kwa mlango wa nyuma ili lisisikilizwe. Ukijaribu kuondoa shauri kimyakimya siku ya kusikilizwa pingamizi, wakili wa Serikali atasimama aseme unalikwepa, na anaweza kusikilizwa. Dawa yake ni ukweli. Kubali pingamizi waziwazi, sema ni kweli hujapita Tume, kisha omba maombi *yaondolewe* na siyo *kutupiliwa mbali*. Kwa mtu wa kawaida maneno hayo ni mapacha. Mahakamani, lililotupiliwa mbali limeamuliwa na kuzikwa. Lililoondolewa kwa kukosa sifa linaweza kurudi likiwa limekamilika. Sikiliza jaji anatamka lipi.

Siku ya kutajwa

Fika mapema. Anayetoka Kondoa au Kibakwe alale mjini, basi la asubuhi likiharibika njiani hutakuwa na wa kumwambia. Zima simu. Ukiitwa, simama, inamisha kichwa kidogo, taja jina lako. Mazungumzo ya dada yetu yalikuwa hivi, kwa jinsi nilivyoyaandika nikiwa benchi la nyuma:

"Mheshimiwa Jaji, mimi ndiye mleta maombi. Nimesoma pingamizi. Ninakubali kwamba sijakata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma. Ninaomba maombi yangu yaondolewe, nipewe ruhusa ya kurudi mbele ya Mahakama yako kama italazimu baada ya kumaliza ngazi hizo."

Jaji: "Umeelewa kwamba ukienda huko kuna muda, na muda huo Mahakama hii haiongezi?"

"Nimeelewa, Mheshimiwa. Rufaa yangu iko tayari."

Wakili wa Serikali: "Mheshimiwa, hatuna kizuizi na ombi. Tunaomba gharama."

"Mheshimiwa, mimi sina mshahara tangu mwezi wa pili. Na nimekubali pingamizi mapema, hatujapoteza muda wa Mahakama kulibishania. Naomba kila upande ubebe gharama zake."

Jaji aliandika kwa muda, akasoma: maombi yameondolewa kwa ruhusa ya kufungua upya kwa kuzingatia sheria ya ukomo, bila amri ya gharama. Hayo maneno "kwa kuzingatia sheria ya ukomo" yasikutishe, huwekwa karibu kila mara. Yanakukumbusha tu kwamba ruhusa haiongezi siku hata moja.

Nje ya ukumbi dada akakaa kwenye ngazi, akanywa maji chupa nzima.

Usitoke mjini bila amri mkononi

Siku hiyo hiyo panda masjala uombe nakala ya amri iliyothibitishwa. Kama haijachapwa, acha ombi la maandishi lenye muhuri na tarehe, kwa sababu hata hilo ombi litaonyesha kwamba hukukaa. Sheria ilishabadilishwa mwaka 2021 kufanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na mahakama, lakini amri nyingine bado zinatoka kwa Kiingereza. Mwombe karani akuonyeshe ni wapi panaposema umeruhusiwa kufungua upya. Pasiposema, rudi kwa msaidizi wa jaji kabla karatasi haijakauka. Kosa la uchapaji hurekebishwa kirahisi wiki ya kwanza kuliko mwaka wa pili.

Kisha jaza tarehe kwenye rufaa yako, weka saini, bandika amri kama kiambatisho cha kwanza, peleka. Leo hiyo hiyo ukiweza, isipite kesho. Nakala moja iende kwa mamlaka yako ya nidhamu, maana wao nao wataitwa kujibu. Kila mahali unapoacha karatasi, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe inayosomeka. Muhuri ukififia, mwombe mpokeaji aongeze tarehe kwa kalamu na saini. Atanuna kidogo, vumilia. Ukituma kwa posta tumia rejista, na risiti uipige picha siku ile ile kwa sababu wino wa risiti hizo hufifia mapema.

Wakati unasubiri

Usifungue kitu kingine chochote mahakamani juu ya jambo hilo. Watu huchoka kusubiri mwezi wa nne, wakashawishiwa na mtu kwenye baa, wakafungua maombi mapya, na ngoma ikaanza upya tangu pingamizi la kwanza. Kama unaona kimya kimezidi, andika barua ya kuulizia ukitaja kumbukumbu namba ya rufaa. Kama huna uwezo wa kumlipa wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imewatambua watoa msaada na wasaidizi wa kisheria, na halmashauri zina msajili msaidizi wao. Uliza ofisi ya maendeleo ya jamii.

Uamuzi wa Tume ukitoka, andika nyuma ya bahasha siku uliyoupokea na nani alikupa. Ukishindwa, kuna ngazi ya Rais, nayo ina muda wake, kwa hiyo hesabu inaanza upya siku ile ile. Na ukishamaliza hata hiyo, ndipo ruhusa uliyoipigania inapopata kazi: unaweza kurudi Mahakama Kuu kuomba mapitio ya uamuzi. Kanuni za mwaka 2014 zinakupa miezi sita tangu uamuzi kuomba kibali cha kuleta maombi hayo, na ukipewa kibali una siku 14 za kuleta maombi yenyewe. Siku 14 ni chache kuliko zinavyosikika, kwa hiyo maombi hayo nayo yaandike mapema, ukiwa bado unasubiri kibali.

Yule dada rufaa yake ilipokelewa saa nane mchana ya siku aliyoondoa shauri. Nakala yake ina muhuri wa mahakama na muhuri wa Tume, tarehe moja. Ombi lake la kuongezewa muda lilikuwa na kurasa mbili na viambatisho tisa, na hakuna siku ndani yake ambayo haina karatasi.